Niliutoa Mimi Ukurasa wa Tisa

Wiki iliyopita niliwadanganya.

Niliandika hapa hapa, kwenye safu hii, kwamba bosi wangu Glenn Haddon aliutoa ukurasa wa tisa kwenye faili la mdogo wangu kabla ya kumuuza. Mkanihurumia. Mama mmoja wa Guildford akanitumia ujumbe wa sala. Mwingine, hakutaja jina, akaniandikia kwamba mtu anayekaa ofisini na kuipangia bei damu yake ni mchawi, hana haja ya kuombewa.

Huyo wa pili ndiye aliyeukaribia ukweli. Ukurasa wa tisa niliutoa mimi, kwa vidole vyangu hivi, saa nne asubuhi, akili zangu zikiwa timamu na kahawa yangu ikiwa bado ya moto.

Kwa wanaonisoma leo kwa mara ya kwanza: naitwa Chibalonza, mzaliwa wa Bukavu. Nilifika Sydney nikiwa na miaka ishirini na mitatu, nimemshika mkono mdogo wangu Mirindi, yeye ana tisa. Wazazi tulikuwa tumeshawazika. Nilimlea kwa kazi ya ghala la vyakula. Shuleni akaangukia besiboli, mchezo ambao kwetu hakuna anayeujua. Nilikuwa nikienda kumsubiri uwanjani, na kwa sababu ya kuchoka kukaa bure nikaanza kuandika hesabu zake kwenye daftari. Halafu za wenzake. Halafu za wapinzani. Miaka mitatu iliyopita klabu ya Herons ya Bankstown ikaniajiri ofisini kwa ajili ya daftari hilo. Mirindi naye akawa mrushaji wao, yule anayesimama katikati na kumtupia mpira mwenye gongo.

Watu wanadhani timu inajengwa uwanjani. Inajengwa ofisini, na watu ambao hawajawahi kutokwa na jasho.

Tulipoanza, Herons walikuwa wa mwisho. Glenn, meneja mkuu, hakuwa na uwezo wa kuwasajili mastaa. Mimi nikamwambia asihangaike na mastaa. Nilimwonyesha dereva mmoja wa lori kutoka Penrith, ana tumbo, anakimbia kama anayebeba gunia. Wote walimcheka. Lakini alikuwa na jicho. Mpira mbovu hakuugusa, akasubiri mpaka mrushaji akosee mara nne, akapewa kituo cha kwanza bure. Mechi baada ya mechi. Mtu anayefika kituo cha kwanza ndiye anayezaa alama, hata akifika akitembea.

Tukamchukua. Tukawachukua wengine wanne wa namna hiyo, walioachwa na klabu nyingine kwa sababu ya sura, umri au kilo. Msimu wa pili tukawa wa tatu. Msimu huu tunaongoza.

Siku moja Glenn aliniuliza nilijifunza wapi.

"Ghalani," nikamwambia. "Kule Guildford tulikuwa na kanuni mbili. Usidharau boksi kwa sababu limebonyea. Na bidhaa inayokaribia kuharibika itangulize mlangoni, iondoke ikiwa bado inang'aa."

Alicheka sana. Akaiandika ile ya pili kwenye ubao wa ofisi yake, na ikabaki pale.

Sikujua kwamba nilikuwa nimemwandikia Mirindi hukumu yake.

Mwezi wa Desemba niliona kitu kwenye hesabu. Mirindi akisharusha mpira wa sitini, kiwiko chake kilianza kushuka, kama upana wa vidole vitatu. Mpira wake ukapungua kasi. Mechi iliyofuata, vivyo hivyo. Ya tatu, kilianza kushuka kwenye mpira wa arobaini. Nikaandika ripoti ya kurasa kumi na moja. Ukurasa wa tisa ulisema hivi: mrushaji huyu apumzishwe wiki sita na kiwiko kipigwe picha, akiendelea kurusha kitakatika.

Mimi niliandika apumzishwe. Glenn alisoma auzwe.

Aliniita ofisini. Nilipoingia nilimkuta Mirindi ameshakaa kwenye kochi, miguu ameinyoosha, anatabasamu kama siku alipopata pasipoti.

"Townsville wanamtaka," Glenn akasema. "Brolgas. Wanatupa mdakaji wao na mkimbiaji mmoja. Na unajua kule Wamarekani wanakuja kutazama wachezaji. Hiyo ni njia yake, Chib."

"Na kiwiko?"

"Kuna daktari aliyesema lolote kuhusu kiwiko?"

"Hapana. Nimesema mimi."

"Wewe si daktari. Kwenye faili tunapeleka karatasi za daktari, hiyo ndiyo sheria ya ligi. Hesabu zako ni mali ya klabu. Ukurasa wa tisa haupaswi kuwemo. Na faili liko chini ya jina lako, kwa hiyo utautoa wewe."

Nikamgeukia mdogo wangu. Nikamwuliza kwa Kiswahili, ili Glenn asielewe.

"Mirindi, mkono unauma?"

"Yaya, mkono yangu ni mzima kabisa." Kwetu yaya ni dada mkubwa. Anaponiita hivyo huwa sina nguvu. "Usinifungie mlango. Nimengoja hii maisha yangu yote."

Glenn akaongeza, polepole, kama mtu anayeweka sukari kwenye chai ya mgeni, kwamba nafasi ya naibu wake itakuwa wazi mwezi wa Machi, na kwamba yeye hamwoni mtu mwingine wa kuishika.

Sitawaficha tena. Nilimfikiria Mirindi. Na niliifikiria ile nafasi. Nikaenda mezani kwangu, nikafungua faili, nikaufuta ukurasa wa tisa, nikalituma.

Jumapili kanisani kwetu Blacktown walimwombea. Wamama walipika sombe, kisamvu cha kwetu, na samaki, mchungaji akasema kijana wetu anakwenda kurusha jina la Mungu mpaka Amerika. Nami nikapiga makofi. Jumatatu akapanda ndege. Hapo ndipo nilipowaachia wiki iliyopita.

Jumatano, saa tisa alasiri, binti yangu Divine akaja jikoni. Ana miaka kumi na miwili, Kiswahili anakielewa, ila hujibu kwa Kiingereza.

"Mum, it's Uncle Mirindi. He's got his bag."

Nilidhani anatania. Nikatoka. Mirindi alikuwa amesimama mlangoni na begi lake lile lile la Jumatatu, amelibeba kwa mkono wa kushoto.

"Ulimwambia nani?" akaniuliza. Hakunisalimu.

"Kumwambia nani nini? Ingia ndani."

"Yaya, ulimwambia nani habari ya kiwiko?"

Nikamtuma Divine chumbani. Tukakaa jikoni. Akanieleza kwamba siku ya Jumanne Brolgas walimpeleka kupigwa picha, jambo wanalomfanyia kila mchezaji mpya. Docteur aliitazama picha dakika mbili. Kano ya ndani ya kiwiko imechanika nusu nzima. Wakamwambia arudi Sydney angoje, uhamisho umesimama.

"Sikumwambia mtu," nikasema. "Picha imewaambia."

"Sasa mbona waliniuliza kama klabu ilikuwa inajua?"

"Ukawajibu nini?"

"Nikasema sijui kitu."

"Hilo ni kweli. Hukujua."

Akanyamaza. Nimemlea huyu mtoto tangu ana miaka tisa. Najua ukimya wake wa njaa, wa usingizi, na wa uongo.

"Mirindi."

"Bon," akasema, akitazama meza. "Inauma tangu Novemba."

Nilisimama nikakaa tena.

"Ulisema ni mzima. Nilikuuliza ana kwa ana, ukasema ni mzima kabisa."

"Ningesema nini, yaya? Uandike ripoti ingine?"

"Na ulirushaje miezi miwili na mkono unauma?"

"Sindano."

"Sindano gani? Nani alikudunga?"

Alijikuna shingo. Aliponijibu, sauti yake ilikuwa ndogo.

"Glenn alinipeleka kwa daktari mmoja, rafiki yake. Si daktari wa klabu. Mara nne. Alisema isiandikwe popote, na nisikuambie wewe, kwa sababu wewe unaandika kila kitu."

Wasomaji, nimekasirika mara nyingi maishani. Nimekasirishwa na askari, na msimamizi wa ghala aliyekuwa akinipigia mluzi kama mbwa, na baba yake Divine. Hasira ile ya Jumatano ilikuwa kitu kingine. Ndipo nikaelewa. Glenn hakuwa amesoma hesabu zangu akabahatisha. Alijua tangu Novemba. Aliniacha nihangaike mwezi mzima na video na vidole vitatu, nitafute kitu ambacho yeye alikuwa akikidunga sindano. Na nilipokipata, akanifanya nikifute mwenyewe, kwa jina langu.

Nikamkasirikia na Mirindi pia, msidhani vingine. Nilimwambia maneno ambayo sitayaandika hapa. Alilia. Sikumbembeleza.

Alhamisi asubuhi nikaenda Bankstown.

Glenn alikuwa anakula mkate. Kanuni yangu ilikuwa ubaoni nyuma ya kichwa chake.

"Umemdunga mdogo wangu sindano mara nne," nikasema.

Aliufunga mlango kabla ya kunijibu. Hakuonekana kushtuka.

"Ni mwanaume wa miaka ishirini na minne. Aliulizwa, akakubali."

"Ulijua kano imechanika."

"Nilijua anaumwa. Wote wanaumwa, Chib. Kila mrushaji kwenye ligi hii anaumwa. Kazi yetu ni kujua lini."

"Kazi yetu?"

"Ulinifundisha wewe," akasema, na akauonyesha ubao kwa mkate wake. "Nilifanya ulichosema. Tofauti ni kwamba safari hii boksi lina jina unalolijua. Yule mrushaji wa mwaka jana, yule mrefu, tulipomwondoa bega lake likiwa limeanza kulegea, hukunijia hapa na machozi. Uliniletea grafu."

 Hilo ndilo lililonichoma kuliko yote, wasomaji, kwamba ni kweli. Yule kijana mrefu naye ana dada mahali fulani. Hesabu za bega lake nilizikokotoa nikiwa nakula karanga.

Akatoa karatasi kwenye droo. Ilikuwa imeshaandikwa. Ilisema kwamba ukurasa wa tisa ulikuwa rasimu yenye makosa ya hesabu, na kwamba mimi, mwandishi wake, niliutoa baada ya kugundua makosa hayo.

"Saini, mambo yaishe. Brolgas watalalamika wiki mbili, uhamisho utavunjwa, kila mtu atarudi kwake."

"Hesabu zangu hazina makosa."

"Najua."

"Basi sisaini."

Nilitegemea apige meza. Angalau apaze sauti. Alichukua karatasi yake, akaikunja, akaniuliza Divine anaendeleaje na shule.

Nilitoka pale nikijiona nimeshinda. Nawaambia ili mjue mjinga anavyoonekana. Nilirudi Blacktown nikiendesha gari vioo vimefunguliwa, joto la Januari likinipiga usoni, nikijisemea kwamba amekosa la kufanya.

Nyumbani nilimkuta Mirindi jikoni na simu yake mkononi. Aliponiona aliifunga haraka, akaifunika juu ya meza. Nilidhani ni msichana. Sikumwuliza.

Saa nane simu yangu ikalia. Namba ya Queensland, jimbo la Townsville.

"Bi Chibalonza? Naitwa Fiona Tranter, meneja mkuu wa Brolgas, Townsville. Una dakika tano?"

Nikaiweka simu juu ya meza, sauti wazi, ili Mirindi asikie. Nilitaka asikie. Nilikuwa nimechoka na mambo ya kunong'onezana.

"Nina swali moja," yule mama akasema. Alizungumza kwa heshima, sauti ya mtu aliyelala vibaya. "Faili mliloleta lina kurasa kumi za hesabu. Namba chini yake zinatoka nane zinakwenda kumi. Kuna kitu kuhusu kiwiko ambacho hakimo?"

Mirindi akatikisa kichwa. Akainua mkono wa kushoto, akaupunga kama anayezima moto. Akasema bila sauti, midomo tu, yaya, tafadhali.

Hapa nilikuwa na njia. Ningesema printa ilikosea. Ningesema niangalie nitakupigia. Lakini nilimkumbuka yule kijana mrefu mwenye bega, na nikaona kwamba nikinyamaza leo nitanyamaza mpaka nizeeke, nikiwa naibu wa mtu kama Glenn, nikichagua ndugu za watu wa kutanguliza mlangoni.

"Kipo," nikasema. "Ukurasa wa tisa. Ulisema kiwiko kinakaribia kukatika. Niliutoa mimi kabla ya kulituma faili."

Nikasikia kalamu ikikwaruza upande wa pili.

"Asante kwa kusema ukweli," Fiona Tranter akasema. Lakini hakusema kama mtu anayeshukuru. "Nilipaswa kukueleza mwanzoni kwamba sipo peke yangu. Bwana Lim, mwanasheria wetu, yupo hapa na ameandika hayo. Bwana Haddon alitupigia saa moja iliyopita. Alisema amegundua leo hii kwamba ukurasa ulitolewa na mfanyakazi wake, kwa siri, ili mdogo wake asikose nafasi. Hatukutaka kumwamini. Ndiyo maana nimekupigia."

Nilihisi sakafu ya jikoni imekuwa baridi. Ukweli wangu wa kwanza tangu niufute ukurasa ule, na Glenn alikuwa ameshautengenezea sanduku akanisubiri niuingize.

"Aliniagiza yeye," nikasema. "Ofisini kwake. Alisema ukurasa haupaswi kuwemo. Na amekuwa akimpeleka Mirindi kwa daktari wa pembeni kudungwa sindano tangu Novemba."

"Bwana Haddon anakanusha kukuagiza chochote," sauti ya mwanamume ikaingia, kavu, isiyo na haraka. Ndiye Lim. "Na mchezaji mwenyewe alituambia Jumanne kwamba hakuwa na maumivu na hajawahi kudungwa. Bi Chibalonza, nakushauri utafute mwanasheria. Hili linakwenda kwenye ligi, na unaweza kufungiwa maisha. Lakini kama unataka kunijibu, nakuuliza: alipokuagiza, kulikuwa na mtu mwingine aliyesikia?"

Nilimtazama Mirindi.

Ile simu yake aliyoifunika juu ya meza ikawaka pembeni. Niliona jina kabla hajaigeuza. Glenn.

"Anasemaje?" nikamwuliza kwa Kiswahili, nikiwa nimeziba simu yangu kwa kiganja.

"Atalipa operation," Mirindi akanong'ona. Macho yake yalikuwa mekundu. "Yote, yaya. Na mwaka mzima wa mazoezi. Ameshaongea na hospitali. Lakini nikisema nilikuwa pale, nikisema habari ya sindano, basi. Hakuna operation, hakuna klabu. Nitabeba maboksi Guildford na mkono moja."

"Na mimi?"

Alirudisha macho kwenye simu yake.

"Bi Chibalonza?" Lim akaita. "Bado upo?"

Nikaondoa kiganja. Mniamini au msiniamini, nilikuwa nimeamua kumlinda. Nilimlea. Nilimkasirikia mpaka meno yanauma, lakini nilikuwa nimeamua kusema nilikuwa peke yangu na Glenn, hakuna shahidi, nipigwe mimi. Nilivuta pumzi ili niseme.

Mirindi hakujua nimeamua nini. Aliona mdomo wangu unafunguka, akaogopa. Akainama juu ya simu, akasema kwa Kiingereza, kwa sauti kubwa iliyojaza jiko lote:

"Mimi sikuwepo ofisini siku hiyo."

Upande wa pili kalamu ikaacha kukwaruza.

"Samahani," Bwana Lim akasema. "Huyo anayezungumza ni nani? Hakuna mtu hapa aliyesema kwamba ulikuwepo."